Aliyeanguka Hachekwi

Huku Busawe wanasema nilicheka siku ya mazishi ya mume wangu. Ni kweli, nilicheka. Wala sikucheka kwa kujificha nyuma ya kitenge, au kile kicheko cha uchungu ambacho mchungaji angeweza kukitafutia maelezo. Nilicheka mpaka kuku wakatimka uani, na nadhani hata ng'ombe wa ng'ambo ya mto waliinua vichwa. Mvua ilikuwa imenyesha tangu alfajiri, udongo wa kaburini umelainika kama uji wa mtoto, na wale vijana sita walipokuwa wakishusha jeneza kwa kamba, mmoja wao, mtoto wa jirani yetu, mguu ukamtoka. Kamba hakuiachia, sifa hiyo nampa. Alikaa tu, puu, katikati ya tope, ndani ya suti ya kuazima, uso umetulia kama mtu aliyekaribishwa kiti. Watu wote wakasema kwa sauti moja, "Pole!" Naye akainuka polepole, akajifuta nyuma kwa kiganja, kisha akaiweka tai yake sawa, kana kwamba tatizo lote lilikuwa tai. Hapo ndipo nilipocheka. Wanangu walinishika mabega wakidhani nimechanganyikiwa. Katika umati ule kulikuwa na mtu mmoja tu aliyejua nacheka nini, naye nitamfikia.

Tangu siku ile natafuta namna ya kujieleza. Nikianza kusimulia kwa mdomo nalia kabla sijafika kwenye ngazi, kwa hiyo nimeamua kuandika. Kuandika vizuri nilijifunza ukubwani, kwenye masomo ya jioni pale Nkende, nikikaa dawati moja na fundi baiskeli aliyekuwa akisinzia begani kwangu, na mwalimu wetu alisisitiza kwamba habari ya maisha huanza na kuzaliwa, kisha ukoo, kisha kijiji. Mwalimu anisamehe. Ukoo wangu ni mrefu na hauna dhahabu ndani yake. Mimi naanza na mwaka mmoja tu, nilipokuwa msichana wa miaka ishirini, na mikono yangu ilinuka dagaa mchana na usiku.

Kambi yetu tuliiita Mtatukuta. Ilikuwa kwenye vilima kati ya Tarime na Serengeti, na miaka ile ya tisini, habari za dhahabu ziliposambaa, watu walitokea kama kumbikumbi baada ya mvua: Wasukuma, Wanyaturu, Wahaya, Wachaga, Wajaluo wa huku na wa ng'ambo ya Sirari, pamoja na sisi Wakurya tuliojifanya wenyeji hata kwa mawe. Mimi nilipika kwa Mama Ghati. Hoteli yake ilikuwa na ukuta wa udongo unaofika kiunoni, turubai la bluu juu, na mabenchi ya mbao ambazo hazijamenywa magome, ukikaa vibaya unaondoka na kumbukumbu. Ugali wetu ulikuwa mkubwa kiasi kwamba mkikaa wawili mezani hamwonani mpaka mle kwanza. Kazi yangu ilikuwa kusonga, kupakua, kuosha na kusikiliza. Hakuna shule niliyosoma iliyonifundisha watu kama lile dirisha la kupitishia sahani.

Polisi walikuwa mbali, lakini sheria tulikuwa nazo, na iliyoogopwa kuliko zote ilikuwa hii: aliyeanguka hachekwi, anapewa pole. Atakayemcheka, kesho yake asubuhi yeye ndiye anayeshuka wa kwanza kwenye duara, maana ndivyo tulivyoyaita mashimo ya dhahabu. Msomaji asidhani ni adhabu ya kitoto. Usiku mzima maji yanapenya kwenye udongo, hewa inalala chini imeharibika, magogo ya ngazi yanalegea. Anayeshuka wa kwanza ndiye anayeliuliza shimo kama limeamka vizuri, na kuna siku shimo linajibu. Basi kambini mtu akijikwaa, hata akidondoka na ndoo ya maji ikamvaa kichwani kama kofia, utasikia "pole" kila upande na nyuso zote zimekaza kama za kanisani. Mimi niliyezaliwa na kicheko mdomoni niliteseka. Nilikuwa nakimbilia jikoni nauma kitambaa cha kushikia sufuria.

Elisha alikuwa Mnyaturu wa Singida, mrefu, mkimya hata kabla ya kunyamaza. Alichimba na rafiki yake Petro. Walitoka kijiji kimoja, walikula sahani moja, na Petro ndiye aliyekuwa akiongea kwa niaba ya wote wawili. Asubuhi moja ya mvua kubwa Petro alishuka wa kwanza, duara likajifunga. Hapakuwa na mlio mkubwa. Nilikuwa nakoroga uji, nikasikia kitu kama gunia la mahindi linatuliwa chini, basi. Walimtoa jioni, wakampeleka kwao Singida akazikwe. Elisha hakwenda naye. Alibaki kambini, hashuki duarani na haongei. Kila siku alikuja hotelini asubuhi, akakaa benchi la mwisho, akaangalia mikono yake mpaka jua likazama.

"Majini yamechukua ulimi," nilisikia mmoja akisema dirishani.

"Majini gani, mura? Huyo ana woga," mwenzake akamjibu; mura kwetu ni kijana.

"Sasa mtu asiyeshuka anafanya nini machimboni? Anaota jua?"

Marwa, msimamizi wa duara lao, Mkurya mwenye mabega ya mlango, hakuwa mtu mbaya. Aliweka tonge chini akasema, "Tumemchangia nauli. Mwezi ukiisha, Jumatatu yake, apande gari arudi kwao. Hatumfukuzi. Tunamwonea huruma."

Mama Ghati akatoa kichwa dirishani. "Huruma! Unamrudisha kwa mama yake Petro, bila Petro na bila ulimi. Atasimama mlangoni pale aseme nini?"

Marwa alirudia ugali wake, lakini nilimwona hautafuni.

Ninayeandika leo ni mjane mwenye kisukari na meno machache, kwa hiyo naweza kusema bila aibu: nilikuwa nimempenda Elisha tangu siku aliporudisha sahani ikiwa imeoshwa. Mwanamume, machimboni, kaosha sahani! Alipoacha kula, nilimuuliza kila mtu wa Singida aliyepita kambini wanachokula kwao, wakaniambia mlenda. Kwa Mkurya, mlenda ni kitu cha kushangaza: unauvuta, unavutika, unanyanyua tonge nao unakufuata mpaka mdomoni kama mdai. Niliuchuma, nikaupika, Mama Ghati akashika kiuno akauliza kama nimeamua kuwalisha watu gundi. Elisha aliutazama muda mrefu. Kisha akala. Akala na ugali wote. Hakusema kitu, ila sahani ilirudi inang'aa, na mimi nikaona kwamba mtu huyu yuko ndani bado, ni mlango tu umekwama.

Ukuta kwa ukuta na hoteli yetu palikuwa na banda la video la Okeyo, Mjaluo mcheshi mwenye jenereta moja lililokohoa kuliko wazee wote wa wilaya. Jumapili maduara hayakushukwa, kwa hiyo saa tisa alasiri kambi nzima ilijibana mle ndani, miguu juu ya miguu, kuangalia picha za ngumi. Siku moja Okeyo alirudi kutoka Sirari na mkanda mpya alionunua kwa mfanyabiashara wa Isebania. Alitusimulia jinsi yule Mkenya alivyomhakikishia, "Hii ni moto, buda. Watu wanapigwa mpaka wanaruka." Hakumdanganya. Jumapili ile mkanda ukawekwa, na kwenye televisheni akatokea mtu mfupi, hana rangi, mweusi na mweupe kama picha ya kitambulisho, amevaa koti lililombana kana kwamba ni la mdogo wake. Alikuwa akitembea haraka haraka kama mtu mwenye tumbo la kuhara, mdomo unakwenda, sauti hakuna.

"Sauti!" wakapiga kelele.

Okeyo akaipiga televisheni kofi la kulia, akaipiga la kushoto. "Ngojeni, omera, ndugu zangu, sauti iko njiani."

Sauti haikuja mpaka leo. Picha zile zilitengenezwa kabla watu hawajajua kuzisemesha, lakini nani alijua? Yule mtu mfupi alikuwa amebeba ngazi ndefu begani, anapita mtaani. Mtu akamwita nyuma, akageuka, ngazi ikampiga askari. Akageuka kumwomba askari radhi, ngazi ikampiga mama mwenye kikapu cha mayai. Akainama kuokota mayai, ngazi ikamwaga ndoo ya chokaa kichwani kwa mtu wa tatu. Mwishowe akaiegemeza ukutani, akapanda na brashi yake, ngazi ikaanza kuteleza, taratibu, yeye anapaka rangi hana habari, ikateleza, ikateleza, mpaka akaporomoka kutoka ghorofa ya pili na kuingia kwenye pipa.

Na watu sitini, wengine wamevua kofia, wakasema, "Pole!"

Hakuna aliyecheka. Nilitazama huku na huku nikiwa nimejaza kanga mdomoni. Akatoka kwenye pipa, akakanyaga ndoo, akaenda chini. "Pole!" Akashika kamba ya nguo, ikakatika. "Pole sana!" Msukuma mmoja aliyekaa mbele akasimama kwa hasira, "Ngazi hajaifunga juu! Nani kampa kazi huyu?" Mwingine akasema wamsaidie mtu yule, mbona wanapita tu. Ndipo likazuka shauri, sheria inamhusu au haimhusu.

"Huyo hajaanguka machimboni kwetu," alisema Okeyo, anayejua biashara. "Chekeni bwana, nimeleta ya kuchekesha."

"Tunamwona hapa, kwa hiyo kaanguka hapa," Marwa akajibu. "Cheka wewe, kesho nitakufunga tochi kichwani kwa mkono wangu."

Okeyo hakucheka. Na katikati ya ubishi ule, kutoka benchi la nyuma, nikasikia sauti ambayo sikuwa naikumbuka tena.

"Anaamka."

Tuligeuka wote. Elisha alikuwa amesimama, kichwa karibu kigonge bati, anaangalia televisheni. Yule mtu mfupi alikuwa amejinyanyua kwa mara ya kumi, akakung'uta koti, akainua kofia yake kumsalimia kila aliyemwona akianguka. "Kila mara," Elisha akasema. "Anaanguka, anaamka." Kisha akakaa. Jenereta likakohoa. Sikumbuki picha ile iliishaje.

Kuanzia hapo alisema maneno machache kila siku, kama mtu anayelipwa kwa kuyabana, na mengi aliyasema kwangu. Jumapili zilizofuata alimwomba Okeyo arudie mkanda uleule, na siku za katikati alikuja nyuma ya jiko letu, palipokuwa na lundo la makapi ya mtama, akajifunza kuanguka. Nilidhani ameshapona kimya akaingia wazimu. "Haanguki, Bhoke," alinieleza, makapi yamejaa nywele. "Anakaa chini haraka. Angalia kidevu, kinabanwa kifuani. Magoti yanakubali kwanza, halafu makalio, mgongo unafika mwisho kama mgeni. Anayeumia ni yule anayekataa." Akaanguka tena kunionyesha. Kuku wa Mama Ghati walimzoea wakawa hawahami.

Siku moja alikaa palepale alipoangukia, akaniambia habari ya Petro. Jana yake, kabla ya lile duara kujifunga, walikuwa wawili tu mtoni. Petro aliteleza na ndoo kichwani, akaingia majini mzimamzima. "Nikacheka," Elisha alisema. "Mimi sichekagi. Nikamwambia, sheria ni sheria, kesho nashuka wa kwanza. Akasema, wewe unacheka mara moja kwa mwaka, mimi nikuadhibu kwa hiyo? Tukalala. Asubuhi nimeamka, kitanda chake kitupu. Alikuwa ameshashuka." Aliokota kapi moja moja kwenye suruali yake, akalipanga gotini. "Yule wa kwenye mkanda anaamka. Namwangalia nione anafanyaje." Nilimpa mlenda.

Jumapili ya mwisho wa mwezi ilifika, na Jumatatu ndiyo siku ya gari. Elisha alimwambia Mama Ghati kwamba angependa kumsaidia kupakua, awashukuru watu kwa chakula. Hoteli ilijaa pomoni. Akatoka jikoni amebeba sinia lenye sahani kumi na mbili za bati na bakuli la uji juu yake, anatembea haraka haraka, na mimi nilipouona ule mwendo nikaujua ni wa yule mtu mfupi. Alipofika katikati, mguu mmoja ukaamua kwenda Kenya na mwingine ukabaki Tanzania. Sinia likapaa. Sahani zilishuka moja baada ya nyingine, na ninaapa ya mwisho ilizunguka chini mpaka nikahisi njaa. Bakuli lilimvaa kichwani sawasawa.

"Pole!" wakasema wote.

Elisha akainuka, uji unamtiririka masikioni. Akakung'uta koti ambalo hakuwa nalo. Akashika kofia ambayo ilikuwa bakuli, akaliinua, akanisalimia.

Nilicheka. Mungu anisamehe, nilicheka miezi minane yote niliyojizuia pale kambini, kwa mara moja. Nilipomaliza, hoteli ilikuwa kimya mpaka unasikia maharage yakichemka.

"Nani kacheka?" Marwa akauliza, ingawa alinitazama.

"Bhoke," akasema mtu.

"Mwanamke hashuki duarani, ni mwiko," Mama Ghati akadakia. "Yaishe hapo."

"Basi sheria itavunjika," Marwa akasema.

"Sheria haivunjiki, mura. Inavunja watu."

"Nitashuka mimi badala yake," Elisha akasema.

Nikapiga kelele kwamba hakuanguka, alijiangusha, amejifunza kule nyuma, kuku ni mashahidi! Marwa akanyanyua mkono. Niliona anautafuta mlango wa kumtoa mwenzake. "Elisha," akasema kwa upole, "umeanguka au umejiangusha? Ukijiangusha, sheria haipo."

Neno moja tu lingetosha, na kesho yake angekuwa kwenye gari. Elisha akaufuta uji machoni.

"Nimeanguka," akasema.

Asubuhi ile ukungu ulikuwa umekaa juu ya kambi kama kifuniko. Wanawake tulisimama mbali, penye jiwe tulilowekewa kuwa mpaka wetu, na Mama Ghati alinishika mkono kwa nguvu hata leo kidole hiki kinajua mvua ikikaribia. Marwa alimfunga Elisha tochi kichwani kwa kipande cha mpira wa baiskeli. Elisha akaweka mguu kwenye gogo la kwanza, akasimama. Akasimama muda ambao ungetosha kupika maharage. Nilimwona akibana kidevu kifuani. Kisha magoti yakakubali, akashuka, mabega, kichwa, mwanga wa tochi, basi. Desturi ilikuwa kwamba aliyefika chini apige gogo mara tatu kwa nyundo. Nilihesabu mpaka mia, nikapotea, nikaanza upya, nikamwahidi Mungu mambo ambayo bado sijamaliza kuyatimiza. Kisha: ko. Nikangoja. Ko. Mama Ghati akaacha kupumua. Ko.

Alikaa chini huko sijui kwa muda gani. Alipopanda alikuwa rangi moja na udongo, isipokuwa mistari miwili kutoka machoni mpaka kidevuni. Akatoa mguu wa kwanza nje, akatoa wa pili, ukanasa kwenye kigingi, akaenda chini mbele ya kambi nzima, kidevu kimebanwa, makalio kwanza, mgongo mwisho. "Pole!" wakaanza, lakini neno halikufika mwisho, maana Elisha alikuwa ameshainuka na anainua kofia ambayo haikuwepo, anamsalimia Marwa. Na Marwa, mwenye mabega ya mlango, alitoa sauti kama jenereta la Okeyo linalokataa kuwaka, akashika magoti, akacheka mpaka akakaa chini yeye mwenyewe. Ndipo yule Msukuma wa banda la video akacheka, ndipo wote. Watu waliokuwa hawajacheka mbele ya wenzao tangu wafike machimboni walishikana shingo wakilia kwa kicheko. Kesho yake ilibidi kambi nzima ishuke ya kwanza, kwa hiyo sheria ile ikazikwa bila matanga. Gari la Singida liliondoka na kiti kimoja kitupu. Na Jumapili iliyofuata yule mtu mfupi wa Okeyo alichekwa mpaka bati mbili za banda zikang'oka. Hivyo ndivyo ninavyosimulia mimi, na shahidi aliyebaki hajawahi kunipinga.

Tulioana, tukahama machimboni, tukalima huku Busawe, tukazaa, tukazeeka. Kila nilipokumbuka nilimuuliza, "Elisha, siku ile juu ya duara, ulianguka au ulijiangusha?" Naye kila mara alijibu, "Nilikaa chini haraka." Nilimuuliza mara ya mwisho mwezi uliopita, kifua chake cha vumbi la mawe kikiwa kimebakiza pumzi chache za kugawa. Hakuweza kujibu. Aliinua mkono mpaka kwenye paji la uso, akashika ukingo wa kofia, akauinua kidogo.

Marwa alikuja mazishini kutoka Tarime, na fimbo, mabega yameshuka. Kaburi lilipofukiwa na watu wakaanza kutawanyika wakinitazama kwa pembe za macho, alikuja akakaa karibu nami kwenye benchi lenye maji ya mvua.

"Shemeji," akaninong'oneza, "umecheka aliyeanguka. Sheria unaijua. Kesho unashuka wa kwanza."

Nikalitazama lile tuta jipya, na maua yake, na alama ya makalio ya yule kijana bado imechorwa vizuri kwenye tope.

"Umechelewa, mzee Marwa," nikamwambia. "Ameshashuka badala yangu."